Aliyeniita Lohi

Kibuyu cha bibi kiko juu ya kabati langu la vyombo hapa Babati, na sina kazi nacho. Maziwa tunanunua kwa jirani, analeta kwenye chupa ya plastiki. Lakini kila Jumamosi nikimaliza kufagia nakishusha, nafungua kifuniko, naingiza pua. Bibi alikuwa anakisafisha kwa kaa la moto, analizungusha ndani mpaka moshi ushike, kisha anakung'uta majivu na kumimina maziwa. Harufu ile imegoma kutoka. Mume wangu aliponikuta mara ya kwanza aliuliza kama kuna kitu kimeoza humo. Nikamwambia hapana, namsalimia bibi. Yeye ni mtu wa Kigoma, ana ustaarabu wake, hakuuliza tena.

Bibi tulimzika Maretadu kabla ya mvua za mwaka huu. Nililia kama watu wote wanavyolia, nikapika, nikaosha masufuria, nikagombana na binamu zangu kuhusu maturubai, mambo ya kawaida ya msiba. Nilichopoteza nilikuja kukigundua baadaye, nikiwa nimesharudi kazini. Shuleni naitwa Mwalimu Emiliana. Nyumbani ni Mama Neema. Kanisani ni dada Emiliana wa kwaya. Hata ndugu zangu wa Maretadu waliacha kuniita jina la nyumbani siku nilipoanza darasa la kwanza, maana mwalimu aliyetoka pwani hakuweza kulishika. Bibi peke yake alikataa. Emiliana ni la padri, alisema, apige nalo kelele huko huko kanisani. Yeye aliniita Lohi mpaka mwezi aliofariki, tena kwa sauti ya kuita mtu aliyeko ng'ambo ya bonde hata kama nimekaa naye jiko moja. Sasa hakuna anayeniita hivyo, na sikujua kwamba jina linaweza kumwuma mtu kwa kutokuitwa.

Wenzangu wa rika langu mliokulia Mbulu mnajua majina yetu yalivyopatikana. Hakuna aliyefungua kitabu. Siku yenyewe ndiyo iliyompa mtoto jina. Aliyezaliwa mvua ikinyesha alikuwa Tluway. Aliyezaliwa mwaka wa njaa alikuwa Qwaray, na ataitwa Qwaray hata akinenepa, kama jirani yetu mmoja ambaye njaa aliisikia kwa jina tu. Loohi kwa Kiiraqw ni njia. Mvulana aliyezaliwa njiani ni Lohay, na msichana ni Lohi. Kwa hiyo mtu akisikia jina langu hakuwa na haja ya kuuliza nilizaliwa wapi. Alichouliza ni njia ipi.

Na hilo bibi alinifundisha mapema, kabla sijajua Baba Yetu. Alikuwa anakamua, mimi nimeshika ndama, ananiuliza, "Lohi, ulizaliwa wapi?" Najibu, "Penye mgunga, njia inapogawanyika." "Wakati gani?" "Kabla ya jua kutoka." "Nani alikuwepo?" "Wewe na mama, na wanawake waliokuwa wanakwenda kuchota maji." Nikikosea ananirudisha mwanzo. Nilidhani watoto wote wanaulizwa hivyo na bibi zao. Baadaye nikadhani ni upendo, kwamba anapenda kusikia hadithi yangu. Ulikuwa upendo kweli, ila wa namna nyingine, na nitafika huko.

Nilijua pia kwamba nina mama. Anaitwa Yustina, ni mtoto wa kwanza wa bibi, na yuko Balangdalalu, nyuma ya mlima Hanang. Asubuhi kukiwa hakuna ukungu mlima ulionekana kutoka kwenye shamba letu la juu, wa bluu, peke yake, na mimi nilikuwa nauangalia kwa hasira kidogo kwa sababu ulikuwa umesimama mbele ya mama. Kwa nini haji, hakuna aliyeniambia. Bibi alisema ni mbali. Babu alisema ng'ombe hawajanywa maji, akaondoka. Binamu yangu Paskalina, aliyenizidi miaka mitatu na alijua kila kitu, ndiye aliyenipa jibu.

"Njiani hapazaliwi watu," aliniambia tukipepeta maharage. "Njiani panaanguka vitu. Wewe ulianguka, bibi akakuokota."

Sasa ili muelewe jinsi neno hilo lilivyoniingia, kumbukeni adabu ya njia zetu wakati ule. Ukikuta kitu kimeanguka, kisu, kibuyu kidogo, kiatu kimoja cha mtoto, hukichukui. Wala hukiachi chini kikanyagwe na ng'ombe. Unakitundika kwenye kichaka kilicho karibu, mahali panapoonekana, ili mwenyewe akirudi akikute palepale. Nimewahi kuona fimbo ya mzee mmoja imening'inia wiki mbili na hakuna aliyeigusa. Mtu akipeleka nyumbani kwake kitu alichookota, hata kwa nia nzuri, amemsumbua mwenyewe, kwa sababu mwenyewe atarudi njiani, siyo kwako.

Nilifikiri jambo hilo siku nzima, na nilipomaliza kufikiri nilikuwa nimemshika bibi na kosa. Mama alikuwa anakwenda Balangdalalu, nikaanguka. Alipogundua alirudi kunitafuta penye mgunga. Lakini bibi, badala ya kuniacha kwenye kichaka kama inavyotakiwa, alikuwa ameshanibeba nyumbani. Mama akakuta patupu, akarudi zake. Ndiyo maana haji. Kila kitu kilikaa sawa kichwani mwangu. Sikumlaumu sana bibi, nilijua alifanya kwa huruma, lakini nikaona kazi ya kurekebisha ni yangu. Ilibidi nijirudishe mahali nilipoangukia.

Nilichagua siku za mnada, kwa sababu ndipo watu wa upande ule wa Hanang walipopita, wanaume na ng'ombe wao, wanawake na vitunguu na vibuyu vya samli. Ilikuwa ile miaka minada ilipobadilika. Mwanzoni, bibi alisimulia, mtu alikuwa anapanga foleni kwa kipande cha sabuni, na kitenge kimoja kinavaliwa kwa zamu na dada wawili. Ghafla malori yakaanza kupanda kutoka Arusha na marobota ya mitumba, wafanyabiashara wakasimama juu ya meza wanaimba bei, na kijiji chetu chote kikaanza kuvaa nguo zenye maandishi ambayo hakuna aliyeyasoma. Mimi pia nilipata sweta. Lilikuja ndani ya mfuko pamoja na chumvi na sukari, limeletwa na mchuuzi wa ng'ombe aliyekunywa maziwa kwetu akaendelea na safari. Lilikuwa jekundu, na kifuani lina picha ya mnyama ambaye sisi tulikubaliana kwamba ni mbwa mnene. Nilipouliza limetoka wapi bibi alisema limetoka mnadani.

Lile sweta ndilo nililolitumia. Nilifika penye mgunga asubuhi, nikalivua, nikalitundika kwenye tawi la chini upande wa barabara, ili mwenye mali aone toka mbali. Kisha nikakaa chini yake na gauni langu la mikono mifupi. Mnajua baridi ya Maretadu mwezi wa sita, na upepo unaotoka bondeni. Nilikaa nikitetemeka huku sweta langu likipunga upepo juu ya kichwa, na halikunijia kabisa wazo la kulivaa. Kilichotundikwa kimetundikwa.

Wanawake walipita. Kila mmoja nilimpa shikamoo, kila mmoja akaniambia marahaba, na wengine wakaniuliza nachunga nini wakati sina mbuzi hata mmoja. Sikuwa nawaangalia nyuso, kwa sababu uso wa mama sikuujua. Niliangalia miguu. Hesabu yangu ilikuwa rahisi. Mama yangu akifika hapa lazima asimame, au walau apunguze mwendo na kugeuka, kwa sababu hapa ndipo mahali penyewe. Mtu hawezi kupita mahali alipozalia, na alipopoteza mtoto, kama anavyopita kichaka kingine chochote. Anayepita moja kwa moja siyo yeye. Nikawachuja hivyo mnada baada ya mnada, na wote walipita moja kwa moja.

Nilianza kukohoa. Bibi alinikanda kifua kwa samli ya moto, akanihoji, na nikamweleza yote, pamoja na lile kosa lake la kuniokota. Nilitegemea acheke au anichape. Aliendelea kunikanda kifua mpaka samli ikapoa. Halafu akasema niwe navaa sweta, mwenyewe ataniona tu hata nikiwa nimelivaa. Hakunikataza kwenda. Alichofanya, nilikuja kujua baadaye, ni kutuma neno kwa mama kupitia kwa mchuuzi wa ng'ombe.

Mwaka huo mvua za vuli zilikataa. Mahindi yalitoka kidole kimoja yakasimama. Kwetu mvua ikikataa wazee hukumbuka kila kitu kilichowahi kufanyika kijijini, na aliyekuwa na kumbukumbu kuliko wote alikuwa babu mkubwa, kaka yake babu. Kanisa lilikuwa na bati jipya, wote tulikuwa tumebatizwa, na babu mkubwa mwenyewe alikaa benchi la mbele. Lakini kuna miiko aliyokuwa ameiweka mahali ambapo mahubiri hayakufika. Mmoja ulikuwa huu: msichana akipata mimba kabla ya kuolewa, hazai nyumbani kwa baba yake. Akizaa humo nyumba imechafuka, na ardhi ya wote imechafuka pamoja nayo. Watu wa nyumba hiyo watatengwa kwa muda mrefu, hawataingia kwa mtu, hawatachota kwenye chemchemi moja na wengine, ng'ombe wao watachungwa pembeni. Msichana huyo ataondoka kabla ya siku zake, aende kwa watu wengine huko nje, na mtoto abaki huko huko. Haya mimi sikuyajua. Nilijua tu kwamba babu mkubwa akija kwetu bibi anapunguza maneno.

Siku ile ya mnada nilikuwa mahali pangu kama kawaida, na sweta nilikuwa nimelitundika tena, maana agizo la bibi la kulivaa niliona halina mantiki. Mchana akaja mwanamke mmoja peke yake kutoka upande wa kusini, amejifunga kitenge cha kijani, amebeba mfuko kichwani. Alikuwa anatembea taratibu kama mtu mwenye malengelenge. Nikasimama.

"Shikamoo."

"Marahaba," akasema. Aliniangalia, akaangalia juu kwenye sweta, akaniangalia tena. Kisha akapita. Hakusimama, hakugeuka kuangalia mgunga, wala njia inapogawanyika. Niliiangalia miguu yake mpaka ikazama kwenye kilima, nikamtoa kwenye hesabu kama wengine, nikakaa.

Jioni jua likiwa bado juu kidogo nilirudi nyumbani na sweta mkononi. Babu alikuwa amekaa, na babu mkubwa yupo, na kwenye kigoda karibu na bibi amekaa yule mwanamke wa kitenge cha kijani, miguu yake imelowekwa kwenye beseni. Bibi alikuwa anawamiminia wazee maziwa. Hakuacha kumimina.

"Lohi," alisema, "huyu ndiye mama yako. Msalimie."

Nawaambieni ukweli, sikufurahi. Nilikuwa nimengoja miezi, nimekohoa, nimetetemeka, nimewachuja wanawake wa tarafa nzima, na yeye amepita mbele yangu hatua mbili. Nilikuwa na hasira, na nikaisema mbele ya wazee, jambo ambalo mtoto wa kwetu hafanyi.

"Nimeshamsalimia," nikasema. "Mbona hukusimama mahali uliponizalia?"

Mama akainua macho. "Mahali gani?" akauliza.

Lilikuwa swali la kawaida kabisa, limetoka kabla hajafikiri. Babu akaanza kuangalia mlango. Babu mkubwa akaweka kikombe chake chini polepole, akamgeukia mama.

"Yustina, hupakumbuki mahali ulipozalia?"

Nikamwangalia bibi. Alikuwa ameshika kibuyu kilekile kilichoko sasa juu ya kabati langu, na maziwa yalikuwa yanamwagika nje ya kikombe, yanatiririka kwenye vidole vyake, na yeye hayaoni. Sijawahi kuona bibi akimwaga maziwa, wala kabla ya siku ile wala baadaye. Sikuelewa ni nini kinaendelea. Nilielewa kitu kimoja tu, kwamba bibi anaogopa, na kwamba aliyesababisha ni mimi na mdomo wangu.

"Nilikuwa kichakani," nikasema. "Nilienda kujisaidia. Nilimsalimia kwa mbali. Labda alisimama nisimwone."

Na baada ya hapo nikaongeza yale yote ya wakati wa kukamua, kwa mfululizo, bila kukosea. Nilizaliwa penye mgunga, njia inapogawanyika, kabla ya jua kutoka. Walikuwepo bibi na mama, na wanawake waliokuwa wanakwenda kuchota maji. Kulikuwa na giza, mama angepakumbuka vipi.

Babu mkubwa aliniangalia muda mrefu. Halafu alicheka kidogo puani, akasema mtoto huyu apelekwe shule, atawasumbua walimu. Akachukua kikombe chake, akanywa. Bibi akafuta vidole kwenye kanga. Mazungumzo yakahamia kwenye mahindi.

Mama alikaa kwetu siku mbili. Alinisuka nywele, akanikata kucha, akanipa pipi za rangi mbili. Huko Balangdalalu alikuwa ameolewa, ana mtoto mdogo aliyemwacha kwa jirani, ndiyo maana hakuweza kukaa zaidi. Aliniita Emiliana. Sikuwahi kumsikia akiniita Lohi, siku zile wala miaka yote iliyofuata alipokuwa anakuja Krismasi. Na lile swali langu halikujibiwa, kwa sababu nilikuwa nimelijibu mwenyewe kwa uongo mbele ya watu, na uongo huo ulibidi ubaki. Nilikuwa nimempa njia ya kutoka, na akatoka. Miaka mingi niliamini kwamba alipita kwa sababu hakunijua, na nikajifunza kutomlaumu, lakini kujifunza kutomlaumu mtu ni kazi ya kila siku, siyo ya mara moja.

Asubuhi alipoondoka bibi aliniita ndani. Alikuwa anasafisha kibuyu, kaa linazunguka humo linatoa moshi. Akanionyesha kwa kidevu nyuma ya kihenge cha mahindi, palipokuwa na nafasi ndogo tunapofunga ndama.

"Ulizaliwa pale," akasema.

Akanieleza kwa maneno machache, kwa sauti ya kawaida, macho yake kwenye kibuyu. Mama alitakiwa kuondoka wiki ile, lakini uchungu ulimkuta mapema. Bibi alimzalisha peke yake nyuma ya kihenge, mama ameuma kona ya kanga ili asisikike. Babu alitoka na ng'ombe mapema kuliko siku zote, na bibi alisema hakumwambia chochote na yeye hakuuliza chochote, na hivyo ndivyo walivyokuwa wanapendana. Kabla hakujapambazuka bibi alinifunga kwenye kapu, akalishika mkononi, akambeba mama mgongoni kama mgonjwa, amefunikwa blanketi mpaka kichwani, akatembea naye mpaka penye mgunga. Akamlaza pale. Akasubiri mpaka aliposikia wanawake wa majini wanakuja, ndipo akapiga yowe kwamba mtoto amezaliwa njiani.

"Nikawaambia jina lako hapohapo, kabla hawajauliza," bibi akasema. "Njia siyo nyumba ya mtu. Haichafuki. Mtoto wa njiani nikimchukua nani atanikatalia?"

Mama hakuruhusiwa kurudi ndani. Alikaa siku chache kwenye kibanda cha shambani, kisha mjomba wake akampeleka Balangdalalu. Mimi nikabaki. Kila aliyeniita aliitamka ile hadithi bila kujua, mchana na jioni, na kadiri nilivyoitwa ndivyo ilivyozidi kuwa kweli. Bibi aliniapisha nisiseme mpaka wazee wote watatu wawe wamekwenda. Babu mkubwa amekwenda, na babu, na sasa yeye mwenyewe, kwa hiyo nasema.

Nilikuwa na miaka minane. Nilimwuliza kama basi jina langu ni la uongo. Akafikiri, akatia maziwa kwenye kibuyu, akafunga kifuniko. Akasema watu wote wanaitwa kwa kilichowakuta, lakini mimi niliitwa kwa alichokitaka yeye, na alichotaka ni mimi nikae. Kisha akanituma kuni.

Baadaye mkoa ulipogawanywa tukawa wa Manyara bila kuhama, na nilijaza fomu upya kazini. Palikuwa na mstari wa mahali pa kuzaliwa. Nilikaa na kalamu mkononi hadi karani akanisogelea kuuliza kama nahitaji msaada. Nikaandika Maretadu, inatosha.

Siku ya tatu baada ya mazishi nilimsindikiza mama kwenda kupanda gari. Anatembea na fimbo sasa. Ile njia imechongwa, ni barabara pana, bodaboda zinapita zinatimua vumbi, na mgunga ulishakatwa, kimebaki kisiki na nguzo ya umeme pembeni yake. Mimi nilikuwa nazungumza habari za nauli. Nikasikia fimbo yake haigongi tena nyuma yangu. Nilipogeuka nikamkuta amesimama kwenye kisiki.

"Uliniuliza mbele ya wazee mbona sikusimama," akasema.

Nikamwambia ni mambo ya zamani, mama, gari litatuacha.

"Mahali sikupajua, nilibebwa nimefunikwa uso," akasema. "Wewe nilikujua. Lile sweta nilinunua mimi, mnadani Katesh. Nililiona limetundikwa toka kule kwenye kilima, na chini yake mtoto anatetemeka." Alisubiri bodaboda ipite. "Ningesimama, ningekubeba tukarudi wote Balangdalalu. Na mama yangu alikuwa amekwishakupa jina ili ukae kwake."

Nilikuwa mtu mzima mwenye mkoba wa ngozi na miwani, nimesimama barabarani na mdomo wazi. Miaka yote ile nilidhani ananiita Emiliana kwa sababu Lohi linamtia aibu. Kumbe lilikuwa linamkumbusha miguu yake ilivyokataa kusimama.

Akaegemeza fimbo kwenye nguzo, akanitazama kama alivyonitazama siku ile, juu na chini.

"Nisalimie tena," akasema.

Nikapiga goti kidogo, pale pale kwenye vumbi. "Shikamoo, mama."

"Marahaba, Lohi," akasema, na safari hii hakupita.